Masanduku Yasiyokalika ya Fundi Kamaludin

Ijumaa hii, tarehe 30 Septemba 1949, Fundi Kamaludin Muhdhar anastaafu baada ya kutengeneza masanduku ya betri kwa miaka ishirini na minane katika karakana yetu ya Ndia Kuu.

Alikuja kwetu akiwa seremala wa milango. Siku ya kwanza alijifuta tindikali ya betri kwenye kanzu, ikaitoboatoboa, akarudi nyumbani amevaa chekeche. Mkewe, Bi Mwanaesha, alimuuliza amepigana na nani.

Masanduku yake ni ya mvule, yametandikwa madini ya risasi ndani ili tindikali isiyale, na kifuniko kina vitundu vya kutolea hewa. Mwenye karakana, Bwana Abdulhussein, huwaambia wateja kuwa betri zake zalala pazuri kuliko yeye.

Mwaka 1946 Bi Mwanakuu, jirani yetu, alikuwa akimwoza binti yake. Nyumba haikuwa na umeme, akakodi betri za taa, ila alikataa katakata kuwekewa sanduku baya ukumbini. Fundi akalinakshi, akalipiga misumari ya shaba, akajivuna siku tatu.

Bi Sheikha, shangazi wa bibi harusi, mwenye umbo lake mashaallah, hakuona kiti kizuri kuliko hicho. Akakikalia. Kila pembe za vugo, ngoma ya wanawake ya harusi, zilipolia aliyumba, na kila alipoyumba tindikali ilimrukia nguoni kupitia vitundu. Alipoanza kuwashwa alisema ni kijicho cha watu, akazidi kuyumba.

Asubuhi aliingia karakanani ameitandaza leso yake mpya mbele ya uso, nasi tukamwona macho yote mawili kupitia matundu yake.

"Fundi, sanduku lako lina meno!"

Bwana Abdulhussein akageuka. "Kamaludin, wewe watengeneza masanduku au wavua watu nguo?"

Tulidhani kazi yake imekwisha. Fundi hakutafuta udhuru. "Bibi, kosa ni langu. Nimelipamba hata likawa kiti." Akampa doti mpya ya leso aliyomnunulia mkewe. Bi Sheikha aliridhika na kumwombea msamaha kwa tajiri wake. Bi Mwanaesha alimnunia wiki mbili.

Katika wiki hizo mbili, kwa kuwa nyumbani hakuna wa kusema naye, alibuni kifuniko chenye mgongo kama paa la makuti, vitundu vikihamia ubavuni. Hakikaliki. Hata paka wa Mji wa Kale huteleza. Maagizo yalimiminika kutoka Lamu hadi Vanga, na Bwana Abdulhussein sasa huapa kuwa wazo lilikuwa lake.

Jumanne tulimwomba aseme neno la kuaga. Alisimama, akaitazama randa yake, akaikabidhi kwa Kazungu anayeshika nafasi yake. "Inoe kila asubuhi," akasema, naye Bwana Abdulhussein akajifuta macho, akasingizia vumbi la mbao.

Ahsante, fundi wetu, kwa kazi safi na moyo mkunjufu. Mola akujaalie umri wenye afya, kahawa isiyopoa, na usingizi wa mchana usiokatizwa na mteja yeyote.