Rubani Aliyeachwa Peke Yake Angani

Wasikilizaji wapendwa, karibuni mketi nasi. Leo tunamkumbuka rubani wa ndege za kivita. Wenzake walimwita Kipanga. Amefariki Alhamisi, akiwa na miaka sabini na minne. Narudia: Kipanga, rubani wa vita, hatunaye tena.

Vita vilipopamba moto, Kipanga aliruka na rafiki yake wa kufa na kuzikana, aliyemsimamia hata harusi. Kazi yao angani ilikuwa moja: huyu alinde mgongo wa yule.

Asubuhi moja wakakutana na ndege tatu za adui. Kipanga akakata kona kali, damu ikamkimbia kichwani, macho yakaingia ukungu. Akaita redioni, "Kaka, nyuma yangu kuna mtu! Uko wapi?" Akageuza shingo. Ndege ya rafiki yake ilikuwa inayoyoma mawinguni, inarudi nyumbani.

Risasi zikapasua bawa. Kipanga akaruka kwa mwavuli, akavunjika nyonga. Siku tisa alitambaa porini. Alipofika kambini hakukuta pole, alikuta barua ya kufukuzwa. Rafiki yake alikuwa ameandika kwamba Kipanga ndiye aliyekimbia. Na kwa ushujaa wa kupigana peke yake, rafiki huyo akavishwa nishani.

Wasikilizaji wapendwa, Kipanga hakukimbia. Aliachwa.

Miaka thelathini na minane alitengeneza cherehani kwenye chumba cha mbele nyumbani kwake. Binti yake anasema, "Ndege ikipita, baba anaweka bisibisi chini, anangoja mpaka sauti iishe. Ukimwuliza, anakwambia, 'Nilimwita, mwanangu. Alinisikia.'"

Mwezi uliopita yule rafiki, sasa mzee wa mkongojo, alikwenda hospitali alikolazwa Kipanga. Akashika ukingo wa kitanda, machozi yanamtoka.

"Niliogopa, ndugu yangu. Nisamehe."

Binti alikuwepo. Anasema baba yake alijibu, "Mimi unaniambia nini? Mimi nilikuwepo. Kawaambie wasiokuwepo."

Mzee akaapa kwamba atasema. Jana, mazikoni, alikaa safu ya mbele, nishani kifuani. Akaitwa azungumze. Akatikisa kichwa.

Kwa mjane, kwa binti, kwa ukoo mzima: poleni sana, tunalia pamoja nanyi. Nasi wengine tujiulize ni nani anabeba aibu iliyo yetu.

Na wewe mzee, kama unatusikiliza, mlango wa studio hii uko wazi. Hata sasa hivi.