Wivu Ulivyonifanya Nimfungishe Rafiki

Ndugu zangu katika Bwana, kuna mtu hapa aliyewahi kuniona kwenye sinema? Inueni mikono. Hakuna. Basi hata wakati ule ilikuwa hivyo hivyo.

Miaka ya Emajensi, serikali ya Waingereza ilipokuwa ikipigana na Mau Mau, nilikuwa nafanya kazi kwa kiwanda cha mbao Elburgon. Mzungu mmoja akaja kutafuta watu wa kuigiza zile sinema fupi za usafi na kilimo, zilizozungushwa kwa gari na kuonyeshwa watu vijijini. Alinichukua. Nikawa mgonjwa. Nikawa mlevi anayeanguka mtaroni. Mara nyingine nilionekana mgongo tu. Lakini niliringa, msinicheke.

Kisha mimi mwenyewe nikampeleka kwake rafiki yangu, jirani yetu pale kambi ya wafanyakazi wa kiwanda. Mzungu akamtazama mara moja, akamfanya mkulima hodari mwenye maneno mengi. Sinema ilipoonyeshwa Nakuru, watu walimpigia makofi. Mke wangu, kando yangu, akasema, "Huyu anajua kuvaa kofia!" Nawaambia, hiyo kofia nilimwazima mimi.

Tangu hapo akicheka, mimi naumia. Nilikariri maneno yake yote, hata yale aliyopewa kwa sinema iliyofuata, nikiyasema peke yangu huku napanga mbao.

Tukaitwa kule Ndabibi kwa sinema hiyo nyingine. Asubuhi ya safari nikachomoa pasi yake kwa koti, ile karatasi ya ruhusa ambayo Mwafrika hakuweza kusafiri bila hiyo, nikaificha ndani ya kiatu changu. Nilijiambia atarudishwa nyumbani tu. Njiani askari wakasimamisha lori.

"Wewe, pasi?"

Akajipapasa, akajipapasa. Akanigeukia. "Ndugu, waambie unanijua."

Nikatazama chini. Wakamchukua.

Ndabibi nikapewa nafasi yake. Jembe mkononi, kamera mbele yangu, maneno nayajua kama Baba Yetu. Kinywa kikakataa. Mzungu akapiga kelele, "Sema!"

Nikasema, "Pasi yake iko kwa kiatu changu."

Nikakaa chini nikalia. Dereva wa lori, mzee ambaye hata hatukuwa tunaongea naye, akanishika mkono. "Kulia hakufungui mlango wa askari. Panda twende."

Tulimkuta rafiki yangu kituo cha askari, mdomo umevimba. Nilikiri mbele ya askari. Wakamwachilia, wakanifunga mimi. Kabla hajatoka aliniuliza, "Ungeniomba hiyo kazi ningekupa. Hukujua?"

Nikamjibu, "Nilijua. Hiyo ndiyo iliyoniuma zaidi."

Nilipofunguliwa, alikaa karibu mwaka mzima bila kunisalimia. Halafu Jumapili moja akaja kwangu, akaomba chai. Hakusema amenisamehe. Alikunywa vikombe viwili.

Namshukuru yule dereva. Namshukuru mke wangu, aliyeniletea chakula kule ndani na hakunisimanga. Na rafiki yangu, kwa ile chai.

Ndugu zangu, sitawadanganya kwamba wivu uliisha. Juzi tu mmoja wenu alisifiwa kwa kuimba, nikasikia moto kifuani. Siku hizi nauwahi wivu mapema: namfuata mtu mwenyewe, namwambia, "Nakuonea wivu, niombee." Ni aibu, ndiyo. Lakini aibu yangu haijamlaza mtu ndani.