Dada Yetu, Mpimaji wa Kumbukumbu, na Utafiti Unaongoja Sahihi

Aya hiyo haitoki. Nasema hivyo mwanzoni kabisa, ndugu waombolezaji, kwa sababu asubuhi ya leo, kabla hatujakwenda kuuchukua mwili, mkuu wa kliniki aliyoitumikia dada yetu alikuja nyumbani, akapewa kiti, akapewa chai, akaomba kuiona karatasi hii, akaisoma mpaka chini, kisha akaweka kidole juu ya aya moja na kuniambia, "Kaka, hapa ni msibani, si mahali pa kujadili mafunzo ambayo kila familia inayalipia laki tatu," nami nikamjibu kwamba laki tatu amezitaja yeye, mimi nilikuwa nimeandika habari za utafiti tu. Tulipandishiana sauti kidogo, sifichi, hadi shemeji yangu mfiwa, ambaye tangu juzi maneno yanamtoka kwa shida, aliposema, "Mwacheni asome," na ndiyo maana nimesimama hapa na karatasi nzima.

Dada yetu alizaliwa tarehe 14 Machi 1958, katika nyumba za wafanyakazi nyuma ya kiwanda cha sabuni, akiwa mtoto wa kwanza kati ya wanne wa baba yetu, aliyekuwa akiendesha mitambo ya mvuke, na mama yetu, mshonaji wa sare za shule, na mimi ninayesoma ni kitindamimba, fundi wa majokofu, niliyejifunza kazi kwa kufungua na kuharibu, kwa hiyo nikikosea istilahi za wasomi mnisamehe, lakini maana ninaijua, maana alinifundisha mwenyewe.

Alisoma shule ya msingi ya kiwandani kuanzia mwaka 1965 hadi 1971, sekondari ya wasichana ya bweni kuanzia 1972 hadi 1977, kisha akaenda chuo kikuu kusomea saikolojia, akahitimu mwaka 1981, akafundisha miaka mitano, akarudi tena chuoni kusomea takwimu na upimaji wa ubongo, akamaliza mwaka 1988. Ndugu walipouliza anasomea nini, baba alijibu kwa majivuno, "Kupima vichwa," na shangazi yetu, Mungu amrehemu, akamtumia utepe wa kupimia nguo, mpya, akiamini amemsaidia mtoto vifaa vya masomo, na dada aliuhifadhi utepe huo maisha yake yote na kupimia mapazia.

Alifunga ndoa tarehe 22 Septemba 1984 na shemeji yetu mpima ardhi, ambaye wakati wa uchumba alipewa karatasi iliyojaa herufi akaambiwa azikate kwa kalamu zote zinazofanana, akaruka kadhaa, akadhani mambo yameharibika, lakini dada akamwambia huwezi kumhukumu mtu kwa kipimo kimoja cha siku moja, akamchukua hivyohivyo. Walijaliwa watoto wawili, binti, ambaye ni mwalimu wa hesabu, na mvulana, muuza vipuri, ambao wote wako hapa na wajukuu wanne.

Aliajiriwa hospitali ya rufaa mwaka 1989, na mwaka 1997 akahamia kliniki ya magonjwa ya ubongo, katika chumba cha mwisho upande wa maabara, chenye meza moja, viti viwili na dirisha alilolipaka rangi nusu ya chini ili mgonjwa asihesabu magari badala ya kusikiliza maswali. Alikuta wanatumia vipimo ambavyo viwango vyake vilitokana na watu wa nchi nyingine waliokaa darasani miaka mingi, na akamkuta dereva wa lori, aliyeishia darasa la nne, ameandikiwa kwamba akili inamtoka kwa kuwa ameshindwa kuchora boksi, akanyang'anywa leseni, wakati mtu huyo alikuwa anakumbuka kila kona ya barabara na kila deni la utingo wake. Dada aliuliza swali moja ambalo baadaye likawa jina lake kazini: "Na wengine je?" Yaani madereva wengine wazima, wenye umri huo na darasa hilohilo, wao wanachora vipi? Hakuna aliyejua, kwa sababu hakuna aliyewahi kuwapima. Kwa miaka sita akawapima madereva, walinzi, wapishi, makarani, wauza mitumba na walimu, wazima wote, akawapanga kwa umri na kwa miaka ya shule, na viwango alivyovitoa ndivyo vinavyotumika leo katika hospitali zetu zote, na yule dereva alirudishiwa leseni, akaendesha hadi alipostaafu bila kugonga hata kuku. Wapo watu wengi barabarani na maofisini leo wasiojua kwamba ni Dada Wengine-Je aliyewaondolea jina la uwendawazimu.

Si kwamba hakukosea. Nyumbani alikuwa akifanyia majaribio orodha yake ya maneno kwa sisi ndugu na mama, sindano, daraja, chumvi, kengele na kuendelea, mpaka tukawa tunaiimba jikoni, na mwaka 2004 mama alipoanza kusahau jiko linawaka na kutuita kwa majina ya wadogo zake, mfanyakazi mwenzake dada akampima kwa orodha hiyohiyo, mama akaitaja yote bila kukwama, vizuri kuliko vijana wa miaka thelathini, mwenzake akaja anatabasamu. Ndani ya gari dada akasema, "Mama hajapona, mama amekariri mtihani, na mwalimu wake ni mimi." Alipopimwa kwa orodha mpya mama alipata maneno matatu. Tangu siku hiyo dada alikuwa mkali kama pilipili kwa yeyote aliyempima mtu mara mbili kwa kipimo kilekile halafu akatangaza maendeleo.

Sasa nasoma aya yenyewe. Mwaka 2014 dada alibuni mafunzo ya kumbukumbu kwa wagonjwa waliopata kiharusi, yeye mwenyewe, kwa kichwa chake, na kila mgonjwa aliyemaliza wiki nane alama zake zilipanda, kliniki ikafurahi, picha ya dada ikabandikwa kwenye bango la mapokezi. Wote walikuwa wanapiga makofi, akauliza tena, "Na wengine je, wasiofundishwa?" Mwaka 2017 akaanza utafiti wa wagonjwa mia moja na ishirini, waliogawanywa kwa kuokota karatasi kwenye mfuko mbele ya wote, nusu wafundishwe, nusu wasubiri zamu, waliowapima hawakujua nani ni nani, na kabla ya kuanza aliiandikia kamati ya maadili ni kipimo kipi atakiita mafanikio, ili baadaye asitokee wa kuchagua kilichotoka vizuri na kukificha kilichotoka vibaya. Mwaka 2021 hesabu zikatoka: waliofundishwa walipanda, na waliosubiri nao walipanda vilevile, tofauti kati yao haikutosha kumlipia mtu hata nauli. Mimi nilimuuliza, "Sasa dada, si wamepona lakini?" akanijibu, "Jokofu lililozibwa na barafu ukilichomoa kwenye umeme siku nzima, ukilirudisha si linafanya kazi lenyewe? Sasa fundi aliyekaa pembeni akilipiga-piga mgongo anadai nini?" Nikamwelewa, kwa sababu mafundi hao nawafahamu.

Mtu mwingine angeona haya. Yeye alikuja kwangu amevaa vizuri, ananiambia ameibomoa kazi yake kwa mikono yake na nyumba haikumwangukia, na sijamwona ana fahari kama siku ile, maana alisema sasa wagonjwa wataacha kupotezewa muda na watafiti wataacha kuchimba mahali pasipo na maji. Ripoti aliikabidhi Novemba 2021, ili kliniki, ambayo ndiyo mmiliki wa takwimu, itie sahihi ichapishwe. Jibu lilikuwa "tusubiri kidogo." Aliomba picha yake ishuke kwenye bango, haikushuka, akaenda na kiti, akaibandua mwenyewe. Mafunzo yanaendelea mpaka leo.

Mwezi Machi 2023, mwaka ule aliostaafu, alianza kukosa maneno, akawa anakiita kijiko "kile cha kuchotea," na picha za kichwa zikaonyesha uvimbe upande wa kushoto wa ubongo. Hapo ikatokea shida ambayo nadhani ni yeye tu angeweza kuipata: hakukuwa na kipimo cha kumpimia, vyote anavijua kwa moyo, vingine kavitunga yeye. Mwanafunzi wake wa zamani, ambaye sasa ni mtaalamu, akatunga vipya kwa siri, akatafuta wanawake wa umri wake na elimu yake, akawapima wao kwanza, kisha yeye. Dada akadai kuona matokeo. "Umenilinganisha na wangapi?" "Kumi na wawili, mwalimu." "Wachache. Usiwafanye kumi na wawili kuwa dunia nzima, ongeza nafasi ya shaka, piga hesabu upya." Ikapigwa upya pale pale kitandani, jibu likabaki lilelile, akaitikia kwa kichwa, akasema, "Basi nimeamini, nimepungua," akaagiza alama zake ziwekwe pamoja na za wagonjwa wengine.

Alifanyiwa upasuaji tarehe 9 Juni 2023, akapata mwaka mzima na wajukuu, akafariki nyumbani tarehe 3 Agosti 2024, saa nne asubuhi, shemeji akiwa amemshika mkono.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi ya upasuaji, ambao hawakutudanganya hata mara moja, majirani waliogeuza ua wao kuwa jiko letu, mwanafunzi wake aliyekuja kila Jumapili, na wafanyakazi wenzake wa kliniki, pamoja na mkuu wao, aliyetoa gari la kuubeba mwili bila kuombwa, nami la kweli nalisema hata tukiwa tumegombana.

Dada, pumzika, ulipima kwa haki na sisi ndugu zako tunatembea vifua mbele.

Na wewe mkuu, uliyekaa safu ya pili: ripoti imekamilika, imebaki sahihi moja, ni yako. Tunaidai.