Pale Pumzi Inapokatika

Sogeeni, wanangu, maana sauti yangu haifiki tena mlangoni. Wewe kaka mtu, zima hiyo redio. Na wewe kitinda mimba wangu, weka saksafoni chini kwanza, upumzishe midomo. Mama yenu angekuwapo angenisaidia kusema, lakini alitangulia, kwa hiyo nivumilieni nikinyamaza katikati ya neno.

Nianze na mali, nisije nikawaacha mkitoana macho. Nyumba hii ni yenu nyote wawili, asiuze mmoja mwenzake akiwa kalala. Karakana ya kupaka rangi magari ni yako, kaka mtu, pamoja na kompresa, mabomba ya kupulizia na wateja wenye maneno mengi. Lakini bandu bandu huisha gogo, mwanangu. Miaka yote nilipuliza rangi pua wazi, barakoa nimeitundika msumarini kama picha ya babu, na nikionywa nacheka, nasema mpiga saksafoni kifua chake ni cha fahali. Haya, fahali huyu hapa, mshumaa hawezi kuuzima. Barakoa ile uivae. Usipoivaa, radhi yangu huna.

Saksafoni ni ya dada yako. Ulitaka tuiuze, ukasema mwanamke na saksafoni wapi na wapi. Maneno hayo yameisha leo, nisiyasikie hata kaburini.

Sasa wewe, binti yangu. Tangu nilale hapa nakusikia nyuma ya ukuta ukijifunza ule wimbo tuliokuwa tukifungia dansi na bendi yangu, ambao mji mzima unaupiga miluzi mpaka leo. Vidole unavyo, na sauti yako ni nene, ina huzuni yake. Juzi jirani yetu fundi cherehani alisimama dirishani akasema, "Huyu ni baba yake mtupu," ukafurahi. Mimi niligeukia ukutani nikalia, nikakudanganya kwamba ni dawa imeniwasha macho.

Nililia kwa sababu ya ule mstari wa tatu, unaopanda taratibu kama mtu anayekumbuka jambo. Ukifika katikati unakata, unavuta hewa, ndipo unaendelea, ukidhani wimbo ndivyo ulivyo. Utaachaje kudhani, nawe umeusikia kwangu tangu unatambaa, na kifua changu wakati huo kilikwisha kuoza? Pumzi ilikuwa ikinikatika pale, nami nikajifanya ni mbwembwe, watu wakapiga makofi, na mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Ule si wimbo, mama. Ule ni ugonjwa wangu. Umejifunza vidole vyangu ukachukua na maradhi yangu, na kifua chako ni kizima kabisa. Hilo linaniuma kuliko kifo chenyewe.

Yupo mmoja anayeujua wimbo wote, mpiga gitaa wa bendi yetu, yule mnayemwita Mzee Kiko. Alisema mbele ya wachezaji kwamba nimeupasua wimbo kama kuni, na tangu siku hiyo hatusalimiani. Alisema kweli, na kweli yake sijaisamehe, nitakwenda nayo. Ninyi msirithi kununa kwangu. Nendeni kwake, mpisheni kiti cha mbele msibani, mwombeni amwimbie binti huyu mstari ule bila kuukata.

Nilitaka nikuimbie mwenyewe. Asubuhi, mlipokuwa uani, nimejaribu polepole, nimefika palepale... Ngojeni. Nipe maji. Hapana, acha, yananipalia.

Siku ya kunizika msilete maneno marefu. Nataka wimbo ule, mara moja, ukiwa mzima. Ukikata pale, binti yangu, nitajua bado naumwa. Na wewe kaka mtu, simama karibu naye, umshikie mkanda wa saksafoni usimkate shingo.

Mungu awape vifua vipana na usingizi usio na kikohozi. Mpendane... mkigombana, mgombane mchana, jioni mle pamoja. Nimewaridhia wote wawili, hapa na huko niendako.

Kaka mtu, fungua dirisha. Haya, mama, inua saksafoni. Vuta hewa mpaka tumboni, anza nikusikie. Ukifika pale... mimi nitasimama. Usinisubiri. Wewe pita.