Aliyejua Vidole vya Kila Mteja

Baada ya miaka kumi na tisa katika kafe yetu ya intaneti, Bi Vitufe anastaafu rasmi tarehe 30 Juni. Alitaka kuondoka kimyakimya. Tulimkatalia, ingawa sherehe yenyewe hatuna moyo nayo.

Alianza kwa kuwachapia wateja barua. Vijana walipoanza kumiminika kucheza gemu la vita, lile la kujenga ngome na kuongoza majeshi, yeye ndiye aliyegundua kinachowachelewesha: kipanya. Akampangia kila mmoja vitufe vya kibodi kulingana na vidole vyake, kimoja cha kuita askari, kingine cha kushambulia, kingine cha kurudi nyuma. Kompyuta zetu hujifuta kila zinapozimwa, kwa hiyo kila asubuhi aliingiza upya mipangilio ya wachezaji arobaini, bila daftari. Tulipomshauri aandike mahali, alituuliza kama sisi huwa tunaandika majina ya watoto wetu. Timu yetu ikatwaa kombe mara nne, na mkurugenzi, ambaye kipanya chenyewe kinamshinda, akapigwa picha nalo mara zote nne.

Mwaka jana, kwenye fainali, Bi Vitufe alimwekea nahodha wetu vitufe vya mtu mwingine. Nahodha alibonyeza cha kurudi nyuma, jeshi zima likaenda kujipeleka kwa adui. Baadaye alidai kidole kimeteleza. Bi Vitufe alijua si kweli, na sisi tulijua. Kisha tukaanza kuona mengine: funguo kuachwa mlangoni, mimi mwenyewe kuitwa kwa jina la mtu aliyeacha kazi zamani. Daktari akathibitisha tulichokuwa tunakiogopa. Bi Vitufe ameniruhusu niandike haya, mradi nisiyapambe. Inauma sana.

Ijumaa iliyopita aliomba kupanga kompyuta moja ya mwisho, ya nahodha. Alikosea vitufe vitatu. Nilinyoosha mkono kurekebisha, nahodha akanizuia.

"Acha tu, dada. Nitavizoea."

Nahodha alinakili mpangilio ule kwenye karatasi, na tangu hapo kila asubuhi anauingiza mwenyewe, makosa yote matatu. Anapigwa karibu kila mchezo. Mashindano ni mwezi ujao, na hajabadilisha hata kitufe kimoja.

Asante, Bi Vitufe, kwa subira yako na kwa vicheko vyako pale kaunta. Tunakuombea mapumziko mema na siku tulivu. Ukipita hapa na usitutambue, ingia tu. Sisi tutakutambua.