Mita Tano za Mboje

Mheshimiwa mwakilishi wa Mkuu wa Wilaya, Meneja wa kampuni iliyonunua kinu hiki cha pamba, Baba Paroko na Mchungaji mliokubali kukaa benchi moja, wazee wetu, na ninyi wenzangu ambao majina yetu ya kupunguzwa kazi yalibandikwa getini wiki iliyopita: nawasalimu, mwadila.

Mimi ni Mayunga, mtunza stoo ya michezo kwa miaka kumi na minne, mwenye darasa la nne la zamani, ambalo ni sawa na kidato cha nne cha siku hizi. Nimechoka, na ninyi mmechoka, naona mlivyokaa. Lakini leo tunamuaga kazini mpwa wangu Mboje, mrusha mkuki, na mkono kama ule hauwezi kuondoka kimyakimya kama gunia la mbegu.

Nilimtoa mwenyewe kijijini Kimali, akichunga ng'ombe wa dada yangu. Siku ile fisi alikuwa amekamata ndama ng'ambo ya korongo. Kijana akarusha fimbo yake ya kuchungia, ikavuka korongo, ikampata fisi sikioni, na fisi yule, watu wa Mwanhuzi ni mashahidi, mpaka leo akifika kijiji kile anazunguka. Kipaji hicho alikipata wapi kama si kwa mjomba wake?

Kwenye karatasi aliajiriwa kupakia marobota ya pamba, lakini kazi yake ya kweli ilikuwa mkono wa kulia. Asubuhi robota, jioni mkuki. Alikwenda mashindano ya mashirika ya umma Shinyanga, Tabora na Mwanza, amelala juu ya pamba kwenye lori, na akirudi na kikombe king'ora cha kinu kilipigwa nje ya saa zake. Siku hizo kinu kilikuwa na timu, timu ilikuwa na jezi, na jezi zilikuwa na mtu wa kuzifua. Sasa ni soko huria. Kila mwenye mzani ananunua pamba, na sijasikia mnunuzi hata mmoja akiuliza kama mna mrusha mkuki. Silalamiki, Mheshimiwa. Nasema ilivyo.

Mwaka themanini na sita, kwenye uwanja wetu huu, Mboje alirusha mita sabini na mbili. Selestini, afisa michezo wetu, yule pale mwenye kofia, aliandika barua siku hiyohiyo. Wiki tatu baadaye Mboje akaitwa kambi ya taifa, Dar es Salaam.

Kule alirusha sitini na saba. Akarudia, sitini na saba. Wakamwambia, "Wewe ni wa kijijini, ukiona jukwaa kubwa unaogopa," wakampa tiketi ya treni. Na sisi hapa tukampokeaje? Mnajua wenyewe. Tulimwita Sabini ya Nyumbani. Hata watoto wa shule walimwita hivyo, na mwalimu wao alicheka.

Mboje akarudi uwanjani. Alianza kurusha alfajiri, akarusha jioni, miaka mitatu, akizitafuta mita tano zake. Mkewe, Justina, akamwambia, "Baba Felisita, mkuki hauna shukrani, acha." Hakuacha. Mwaka themanini na tisa bega likachanika, sote tulisikia. Tangu siku hiyo Justina ndiye anayemsugua mgongo, kwa sababu mkono ule hauvuki kifua.

Jana jioni nilimkuta amekaa nyuma ya nyumba yake. Akaniambia, "Mjomba, kazi imekwisha, sawa. Kitu kimoja tu kinanisumbua. Zile mita tano nilizipoteza wapi?"

Nikamjibu, "Dar kuna upepo wa bahari, unarudisha mkuki."

Ndugu zangu, mimi nimesema mengi katika maisha yangu, na mengine mliyacheka mkijua. Lile la jana halikuwa la kuchekwa.

Tepu ya chuma ya kinu hiki ilichukuliwa na idara ya ujenzi, haikurudi. Tukapimia kamba ya katani, mita hamsini, kila mita fundo la kitambaa chekundu. Mtunzaji wa kamba alikuwa nani? Msimu wa kulima wa mwaka ule wa themanini na sita nilikuwa na ng'ombe dume mkorofi na sikuwa na kamba, nikaazima ya stoo. Dume akaikata mara nne, mara tano. Nikaiunga, nikairudisha. Mnajua fundo linavyokula kamba. Vitambaa vilibaki hamsini, mita hazikubaki hamsini.

Na nilijua. Zamani kutoka goli hadi goli ilikuwa kamba mbili kamili. Baada ya dume, kamba mbili hazikufika goli la pili. Selestini akaniuliza, "Mzee Mayunga, mbona imepungua?" Nikamwambia, "Vijana wamesogeza goli." Naye akakubali, kwa kuwa nilisema kwa sauti kubwa. Wiki iliyofuata Mboje akarusha sabini na mbili. Nilikwisha kutangaza mpaka Kalemela kwamba mpwa wangu ni wa taifa. Ningerudi kusema nini? Kwamba bingwa wangu amepimwa kwa kamba ya dume?

Wapimaji wa kampuni mpya walipokuja juzi kupima eneo, niliinyoosha kamba kando ya tepu yao. Ilifika arobaini na sita na nusu. Nikahesabu vitambaa vya sabini na mbili, yaani kamba nzima na vitambaa ishirini na viwili juu yake. Ni sitini na saba.

Mboje, ng'wana wane, mwanangu, hukuogopa jukwaa. Ulichorusha hapa Bariadi ndicho ulichorusha Dar. Hukupoteza mita hata moja, na zile ulizozitafuta mpaka bega likachanika hazikuwahi kuwepo. Miaka mitatu nilikuona ukizitafuta, nami nikakuokotea mkuki.

Selestini, fungua daftari la rekodi, futa sabini na mbili, andika sitini na saba, mara mbili. Na wote mliomwita lile jina, kuanzia leo kama mna jina la kuita, niiteni mimi.

Nilikuwa nimeandika na shukrani kwa uongozi, mstari mrefu tu, lakini naona Justina ameinuka na anakuja huku mbele, na uso wake si wa kunipa zawadi. Mpisheni. Mwabeja, ndugu zangu, kwa kunivumilia. Kipaza sauti hiki, mama, kipokee.