Filamu Zilizobaki Kichwani mwa Mzee Kiza

Wasikilizaji wapendwa, sogezeni viti. Leo tunamkumbuka mwanahistoria wa filamu na mchambuzi wa utamaduni mliyemzoea katika redio hii. Wengi tulimwita Mzee Kiza, maana umri wake aliumalizia kwenye kumbi za sinema, taa zimezimwa. Akitoka nje mchana alifinya macho kama bundi.

Alikuwa mcheshi, lakini usimbadilishie filamu mwisho wake. Mtangazaji mwenzangu aliwahi kusema hewani kwamba shujaa alipona. Mzee akamkatiza palepale: "Alikufa, kijana. Mwache afe."

Kisha ghala la filamu likaungua. Filamu nyingi za zamani hazikuwa na nakala. Narudia, wasikilizaji: hazikuwa na nakala. Zilibaki kichwani mwa mtu mmoja, naye alikuwa ameanza kusahau njia ya kurudi nyumbani.

Mficha maradhi kilio humuumbua, lakini yeye hakuficha. Mkewe, fundi cherehani, alikuwa pamoja naye siku daktari alipowaambia kwamba kumbukumbu itapungua kidogo kidogo. Walipotoka, Mzee alishika ukuta wa korido.

"Bibie, ghala sasa ni mimi," alisema. "Na moto umeshaingia."

Mama huyo anasema alimshika mkono, wakaenda nyumbani. Hakuwahi kumwona mumewe akiogopa kitu.

Tulimpelekea kinasa sauti. Mbele ya kile kidude aligugumia, kwa sababu alitaka uso wa mtu. Basi kila asubuhi alikaa karibu na cherehani, akamsimulia mkewe filamu moja tangu mwanzo. Mama alishona, akasikiliza, na kwa kurudiwa akazijua zote. Mzee akiruka kipande, mama alisimamisha mguu na cherehani ikanyamaza.

"Nimekosea wapi?" Mzee aliuliza, jasho likimtoka.

"Hujamtoa mtoto kwenye gari, baba."

Ukimya ule alikuja kuuogopa kuliko kifo. Mwanzoni cherehani ilinyamaza mara moja moja. Baadaye nguo za wateja zikawa hazimaliziki.

Ikafika siku Mzee akakaa, akafungua kinywa, lisitoke neno. Alimtazama mkewe kama mtoto aliyepotea sokoni. Mama akaacha kushona. Akaanza kusimulia yeye, ile filamu ya mgodi, ambayo hakuwahi kuiona kwa macho yake. Mwanamke anashuka shimoni kumtafuta mumewe. Udongo unaporomoka nyuma yake. Taa yake inafifia.

Mzee akamkamata mkono, akaubana hadi ukauma.

"Anatoka?" aliuliza. "Niambie, anatoka?"

Wasikilizaji, katika filamu ile mwanamke hatoki. Mama alilijua hilo. Alijua pia kwamba neno moja la uongo lingemtuliza mumewe, na kwamba hakubaki mtu wa kumsuta.

"Niliogopa nikasikia baridi," alituambia. "Nikasema, hatoki, baba. Anamfikia mumewe, wanakaa pamoja, taa inazimika."

Mzee alilia. Halafu akauliza kwa adabu, kama anavyoulizwa mgeni: "Filamu nzuri sana hiyo. Wewe umeijuaje?"

Wiki hiyo hiyo akafariki.

Tunawapa pole mjane, binti yake na wajukuu. Mungu awape nguvu, nasi tuko pamoja nao.

Nilipomuuliza mama anaendeleaje, alisema: "Kila asubuhi najisimulia mwenyewe. Jana sikukumbuka rangi ya mlango. Sasa ninaogopa mimi, mwanangu. Nikikosea, nani atanisimamisha?"

Wasikilizaji wapendwa, tutafakari hilo. Mama yupo nyumbani, mlango uko wazi. Nendeni mkakae naye. Nendeni kesho asubuhi, msingoje Jumapili.